Deraya Niliyoifumua

Chumba cha juu,
Nyuma ya duka la vioo,
Jumatatu, tarehe 9 Juni.

Mpendwa mpwa wangu Chiriku,

Salamu nyingi, tena zile za kukaa kitako, si za kupungiana mkono mlangoni. U hali gani huko uliko? Baridi imepungua, au bado unalala na soksi mbili? Na miguu je? Uuguzi ni kazi ya kusimama, na miguu ya binadamu naijua kuliko daktari yeyote. Kama viatu nilivyokutengenezea kabla hujaondoka vimelika kisigino kwa upande wa nje, basi ukichoka unaegemea upande mmoja. Tafuta kiti ukae, hata kama msimamizi wako atakukodolea macho.

Sisi huku hatujambo. Mkazamjomba wako ni mzima, na mdomo wake ni mzima zaidi. Mama yako alikuja juzi akanikuta mbele ya televisheni namchuna kenge. Alisimama mlangoni na mfuko wake mkononi, akatazama mpaka nikamaliza mkia, kisha akauliza kama daktari wangu anajua ninavyoshinda. Nilimjibu kwamba daktari aliyeniandikia dawa hii ni binti yake. Dada yangu akaweka mfuko chini, akaenda jikoni kunishtaki kwa mke wangu.

Mimi naendelea vizuri. Mwandiko huu unaoyumba ni wangu mwenyewe, na mkono ni ule wa kulia. Naandika ukurasa mmoja kwa siku. Nikichoka naweka kalamu chini hata kama sentensi haijaisha. Kwa hiyo ukiona mahali maneno yamebadilika sauti ghafla, ujue nililala katikati.

Utauliza kwa nini sikupiga simu. Kwenye simu wewe husema na mimi huitikia, hatukukupa jina la ndege bure. Leo nina neno ambalo lazima nilimalize bila kukatizwa. Deraya yako nyepesi ya kwenye gemu, lile vazi la vita alilokushonea Mama Nyuki, haipo tena. Niliiharibu mimi, wiki sita zilizopita. Iliyomo katika sanduku letu la pamoja si ile. Kama hujalifungua, nakuomba usilifungue mpaka umalize kusoma, na kama umeshalifungua na umeshakasirika, basi kasirika huku unasoma.

Nitaeleza na mambo unayoyajua, univumilie. Mkazamjomba wako anasoma begani kwangu, na kila nikitaja jambo la gemu anataka maelezo.

Nianze na ninayokushukuru, maana bila hayo hata kosa lenyewe nisingekuwa na uwezo wa kulifanya. Mwaka jana kiharusi kilinikuta karakanani, kiatu cha mteja kikiwa kati ya magoti yangu. Niliporudi kutoka hospitali, mkono wa kulia ulikuwa kama wa mtu mwingine aliyeusahau kwangu. Wageni walikuja kwa zamu. Kila mmoja aliketi kwenye kiti kilekile, akapapasa blanketi langu, akaniambia kwamba kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi, mpaka nikatamani kumpata aliyeitunga methali hiyo nimwonyeshe mkono wangu, maana koleo langu ndilo hilo na halina spea. Mke wangu alizifungia zana zangu kwenye kasha akalisukuma chini ya kitanda ili nisizione nikaumia. Nia yake ilikuwa njema. Lakini nililala juu ya zana zangu miezi minne kama maiti aliyezikwa na mali yake.

Ndipo ulipotuma ule mtambo wa gemu wa kuunganisha na televisheni. Nikwambie ukweli, nilikasirika. Nilijiambia, huyu mtoto niliyembeba mgongoni sasa ananitumia kitu cha kuchezea. Ukaandika na dozi kabisa: dakika arobaini asubuhi, dakika arobaini alasiri, na kidole gumba cha kulia kisipewe likizo. Nilianza ili upunguze maneno.

Ukanitia katika ile nchi ya mapango na majoka, ukanipa jina la Mjomba Soli, ukaniketisha kwenye meza ya ufundi. Miaka thelathini na nane nimeshika ngozi, Chiriku. Nimewavisha viatu maharusi, wapagazi na hakimu mmoja mwenye vidole sita. Mtambo ukaniandikia: Mwanagenzi, ngazi ya kwanza. Nikapewa ngozi ya sungura nishone mkanda. Cheche ya mwanga hukimbia juu ya mshono, na inapofika kwenye tundu lazima ubonyeze kwa gumba la kulia. Gumba lilikuwa linafika wakati cheche imeshakwenda zake. Niliharibu sungura kumi na tisa siku ya kwanza. Ya ishirini ilitoka mkanda, mbaya, umepinda, na nilimwita mke wangu aje aone kama kwamba nimepata mtoto.

Tangu hapo sikuhitaji kukumbushwa dozi. Kila Jumapili saa nne tulikutana, wewe umetoka zamu, mimi nimetoka chai, pamoja na yule Dereva wa malori ambaye wala hujawahi kuuona uso wake. Yeye huvaa deraya nzito kwa sababu kazi yake ni kusimama apigwe. Wewe huvaa nyepesi kwa sababu kazi yako ni kupanda, kuruka na kufika kabla ya wengine. Mimi kazi yangu ilikuwa kufa. Mapangoni kwenye ngozi nzuri ndiko waliko kenge wa barafu, na kenge wale walikuwa wamenizoea.

Mwezi wa nne mwaka huu wewe ukanionea huruma, ukanikopesha deraya yako ili niweze kuchuna bila kuchunwa. Najua ulinikopesha nini. Ulinisimulia mwenyewe: mwaka wako wa kwanza huko, chumba kimoja, zamu za kukatisha tamaa, hujui mtu hata wa kumwambia unaumwa na kichwa. Ukakwama kwenye bonde fulani la gemu, na mtu unayemjua kwa lakabu tu, Mama Nyuki, akakutoa, akakufundisha, na baada ya hapo Jumapili zenu zilikuwa za mazungumzo zaidi ya mapigano. Siku alipoaga kwamba maisha yamembana na hatarudi tena, alikushonea deraya ile, ngazi ya mia, na kwenye ukosi akaiachia chapa yake. Ulisema bila mwanamke yule ungefunga virago ukarudi nyumbani. Sikusahau hata neno moja. Ndiyo maana nilitaka kufanya jambo la kukufurahisha.

Nilitaka kukushonea glavu na buti za kulingana nayo, nikuwekee sandukuni kimya kimya. Sasa sikiliza kosa la fundi viatu. Kwetu sisi mtu akileta kiatu akasema nitengenezee vingine kama hiki, tunakifumua. Unakata uzi taratibu, unavilaza vipande mezani, unachora kiolezo, kisha unakirudishia kwa uzi mpya, na kikitoka hapo ni imara kuliko kilivyoingia. Mwalimu wangu alinifundisha hivyo wiki ya kwanza. Hakuna anayemwomba mteja ruhusa ya kufumua, kama vile daktari wa meno hamwombi mtu ruhusa ya kuangalia ulimi.

Pale kwenye meza ya ufundi ya gemu nikaona neno Fumua. Nikafurahi kwamba angalau waliotengeneza mtambo huu walipata kumuuliza fundi. Mtambo ukaniuliza kama nina uhakika. Niliona ni adabu njema. Nikabonyeza ndiyo, tena kwa gumba la kulia, kwa mara ya kwanza bila kulitazama.

Deraya ikang'aa, ikatoweka. Yakaja maandishi kwamba nimejifunza kiolezo. Nikasubiri vipande. Nilisubiri robo saa nzima, nikidhani mtambo unavipanga. Mkazamjomba wako alipoingia na kikombe alinikuta nimekaa mdomo wazi, akakiacha kikombe kikaanguka, akadhani kiharusi kimerudi. Nilishindwa kumweleza. Utamwelezaje mtu kwamba umelia kwa sababu ya koti ambalo halishikiki?

Maji yakimwagika hayazoleki, hilo nililijua siku hiyohiyo. Nilichobaki nacho ni kiolezo kichwani mwa mtambo, na kiolezo cha ngazi ya mia hakimsaidii mtu wa ngazi ya arobaini na moja. Na wewe ulikuwa umeshapanga kwamba Jumapili ya mwisho ya mwezi huu tupande Mlima wa Kioo, ule ambao ukizidi uzito kidogo tu, kioo kinavunjika chini ya miguu yako. Bila deraya ile hupandi. Umeungoja mlima huo miaka miwili.

Ningekwambia siku ileile. Badala yake nilikudanganya Jumapili sita mfululizo. Uliponiuliza mbona siivai, nilisema naitunza isichafuke. Ukacheka, ukasema deraya haichafuki, mjomba. Nikacheka na mimi. Mara mbili nilifungua mdomo niseme, na mara mbili Dereva akaanza habari zake za matairi nikamshukuru moyoni. Woga huo ni wangu, siusingizii ugonjwa.

Nikaanza kupanda ngazi. Mtambo hauna njia ya mkato: unashona vikinga vya mkono, unavifumua, unashona tena. Nilishona vikinga zaidi ya mia nne. Asubuhi dakika arobaini zikawa saa mbili, mpaka mtaalamu wa mazoezi wa zahanati akanikemea, kisha akanipima kidole, akapima tena. Aliniuliza nafanya nini nyumbani. Nilimwambia nashona. Akatazama karatasi zake akasema mgonjwa huyu haandikiwi kushona. Nikamwambia basi asiandike.

Kufikia ngazi ya themanini nikaanza kuona jambo ambalo mtambo haukunifundisha. Mafundi wengi wa gemu wakitaka deraya nyepesi hupunguza ngozi kila mahali, halafu wanaongeza vifungo kuficha woga wao, na uzito unarudi kupitia dirishani. Kiatu kizuri hakishonwi hivyo. Kiatu huimarishwa pale mguu unapojikunja, kwingine kunaachwa kupumue. Nikavitoa vifungo vitatu vya mbele. Nikatia mshono wa pili chini ya kwapa peke yake, maana ndipo unapojinyoosha ukipanda. Nilijaribu kwanza kwa ngozi ya mbwamwitu, ngozi rahisi. Ilikaa. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji, kwa hiyo sikujisifu, ila nilimsifia mke wangu kazi yangu kwa muda mrefu kidogo.

Ngazi ya mia niliifikia Jumatano ya wiki iliyopita. Ngozi ya kenge wa barafu nilikuwa nayo ya kutosha mara tatu. Ya kwanza niliipasua kwenye mshono wa arobaini. Ya pili niliipasua kwenye mshono wa hamsini na nane, na mishono yote ni sitini na moja. Nikazima mtambo nikatoka nje nikatembea mpaka kona ya mtaa na kurudi, bila fimbo, na sikugundua kwamba sina fimbo mpaka nilipofika mlangoni.

Jumamosi asubuhi mkazamjomba wako alipasha maji moto, akanitia mkono bakulini kama alivyokuwa akifanya siku za kwanza, akaukausha kidole kimoja kimoja, akafunga dirisha, akazima redio ya jirani. Sijui alimwambia nini jirani. Kisha akaketi kitandani na hakusema neno, na kwa hilo peke yake namshukuru mpaka kufa. Nikashona. Sikuitazama cheche. Nilitazama ngozi, kama ninavyotazama ngozi siku zote, na gumba likawa linakwenda lenyewe. Kwenye mshono wa sitini na moja nilikuwa nimesahau kwamba ni wa mwisho.

Ilitoka, Chiriku. Ilitoka nyepesi kuliko ile ya Mama Nyuki kwa robo ratili. Nilipima mara tatu.

Sasa sikiliza na hili, maana ndilo lililonifanya nishike kalamu. Fundi akishona kitu cha ngazi ya mia, mtambo humuuliza chapa ya kwenye ukosi iwe ipi. Anaandika mwenyewe, herufi baada ya herufi. Rangi ilikuwa ileile. Umbo lilikuwa lilelile. Vile vifungo vitatu ungedhani umesahau. Ningeandika Mama Nyuki, nikaifunga sandukuni, ukaivaa, ukapanda, na usingejua maisha yako yote. Nilishaandika herufi nne. Nilijiambia nafanya kwa ajili yako, usije ukapoteza kitu cha pekee ulichobakiwa nacho kutoka kwa mtu yule. Nusu yake ilikuwa kweli.

Mkazamjomba wako hajui gemu, lakini kusoma anajua. Aliuliza huyo Mama Nyuki ndiye aliyeshona? Nilisema siyo, ila ndivyo ilivyokuwa imeandikwa. Akasema, "Miaka yote hii hujawahi kutia chapa ya mtu kwenye kiatu chako. Utaanza leo, kwa mtoto wetu?"

Nikafuta. Nikaandika Mjomba Soli.

Kwa hiyo ndiyo hiyo iliyomo sandukuni. Chapa ya Mama Nyuki nimeipoteza na siwezi kuirudisha, wala sitakwambia kwamba ni herufi tu, maana najua siyo. Nilimwachia ujumbe katika kisanduku chake cha barua mle ndani, nikamweleza mimi ni nani na nimefanya nini, na kwamba mtoto aliyemtoa bondeni sasa anawatoa wengine. Haujasomwa. Pengine hautasomwa kamwe. Nilitaka tu na yeye aombwe radhi kama fundi kwa fundi.

Na wewe nakuomba radhi. Si kwa kufumua peke yake, ule ulikuwa ujinga, na ujinga husameheka. Nakuomba radhi kwa zile Jumapili sita.

Nimekwambia haya yote, na bado sijasema shukrani yenyewe. Alhamisi, barua hii ikiwa bado katikati, nilivuta kasha kutoka chini ya kitanda. Karakana imejaa vumbi, gundi imekauka mkebeni, lakini nilikaa kwenye kigoda changu nikatia soli moja, ya mke wangu, polepole, kutwa nzima. Kidole kinauma. Kinauma kama kidole changu mwenyewe. Nilipokuwa kitandani watu wengi walinipenda, mpwa wangu, na sisahau hata mmoja. Wote walinipa pole. Wewe ulinipa kazi.

Mama yako anakusalimu, anasema upige simu kwake kwanza kabla ya kunipigia mimi, kwa heshima ya kukuzaa. Mkazamjomba wako anakusalimu na anauliza kama huko kuna mtu unayempenda, swali ambalo nimelikataa nikashindwa. Babu yako wa ghorofa ya chini, ambaye siku hizi hasikii vizuri, anakusalimu na anadhani unaishi mle ndani ya televisheni, sikumsahihisha. Nawe nisalimie wagonjwa wako, hasa wale wenye mkono mmoja uliolala. Waambie kuna mjomba mmoja anawasubiri mapangoni, na kenge wanatosha kwa wote.

Mungu akulinde uendako na urudipo, akupe viatu visivyobana na zamu zisizoishia kwenye machozi.

Jumapili ya mwisho, saa nne, nitakuwa chini ya mlima na matambara yangu. Ukija umeivaa, nitaona. Ukija hujaivaa, nitaona pia, na sitakuuliza. Dereva atakuwa na maneno yake ya matairi. Tutapanda hivyohivyo mpaka kioo kitakapotukataa, kisha tutashuka tufikirie tena.

Ni mimi nikupendaye, niliyekukosea,

Mjomba wako,
fundi viatu.